Shamba, Ploti na Kibali cha Ujenzi: Namna ya Kushughulikia Mgogoro na Kaunti Nakuru, Kisumu na Magharibi ya Kenya

Pembezoni mwa Jiji la Nakuru, kuanzia Bahati hadi Njoro na Rongai, mashamba yaliyolimwa mahindi na viazi kwa miaka mingi yamekatwa ploti za futi 50 kwa 100, na hali ni hiyo hiyo Mamboleo na Kibos upande wa Kisumu, na kando ya barabara kuu za Kakamega na Vihiga. Mnunuzi hukabidhiwa hatimiliki, humwita fundi, na msingi unapoanza kuinuka maafisa wa kaunti hufika wakiwa na ilani ya kusimamisha kazi, kwa kuwa hakuna kibali cha ujenzi na ardhi ile bado imeandikishwa kama shamba. Kuanzia hapo huanza safari ya ofisi nyingi, ambayo wengi huishia kushindwa ingawa walikuwa na haki, kwa sababu walianza na ofisi isiyohusika au walichelewa siku chache kukata rufaa. Mwongozo huu unaeleza utaratibu huo kwa mpangilio, ili mwenye ardhi ajue aende wapi kwanza, abebe nini, na ana muda gani.

Hatua ya kwanza: Fahamu ni nani anayeiita ardhi yako shamba

Hapa ndipo penye mkanganyiko mkubwa kuliko mahali pengine popote, na ni vyema msomaji akatulia hapa kabla ya kuendelea. Watu husema ardhi "ni ya kilimo" kana kwamba kuna daftari moja linalosema hivyo. Kwa kweli kuna mahali patatu, na kila mahali pana sheria yake na ofisi yake.

Mahali pa kwanza ni katika rejista ya ardhi. Ikiwa ardhi ni ya kukodishwa na serikali, hati yenyewe huwa na masharti ya matumizi, na kujenga nyumba za kupangisha kwenye ardhi iliyokodishwa kwa ajili ya kilimo ni kuvunja masharti hayo. Ikiwa ni ardhi ya umiliki huru, kama yalivyo mashamba mengi ya Kakamega, Bungoma na Vihiga, hati huenda isiseme lolote kuhusu matumizi, na wengi huchukulia ukimya huo kuwa ruhusa. Ukimya huo si ruhusa hata kidogo, kwa sababu Kifungu cha 66 cha Katiba ya mwaka 2010 kinaipa serikali uwezo wa kudhibiti matumizi ya ardhi yoyote, iwe ya umma, ya jamii au ya mtu binafsi, kwa sababu kama vile usalama wa umma, afya ya umma na mipango ya matumizi ya ardhi. Hatimiliki huthibitisha kwamba ardhi ni yako, lakini haikupi uamuzi wa mwisho kuhusu kile unachoweza kusimamisha juu yake.

Mahali pa pili ni katika Sheria ya Udhibiti wa Ardhi, Sura ya 302, iliyopitishwa mwaka 1967. Sheria hii ina maana yake yenyewe ya "ardhi ya kilimo": kwa kawaida ni ardhi iliyo nje ya manispaa, mji au soko, pamoja na ardhi iliyo ndani ya maeneo hayo ambayo waziri ameitangaza kuwa ya kilimo katika Gazeti Rasmi la Serikali. Maana hii haitazami kama unalima au hulimi. Shamba lililoachwa kuwa kichaka Molo linaweza kuwa ardhi ya kilimo kisheria, ilhali bustani ya sukuma wiki iliyo katikati ya mji isiwe. Tatizo la siku hizi ni kwamba mipaka ya miji inasogea. Nakuru ilipata hadhi ya jiji tarehe 1 Desemba 2021, na miji midogo kadhaa imefanywa manispaa chini ya Sheria ya Maeneo ya Miji na Majiji ya mwaka 2011, hivyo shamba lililokuwa nje ya mpaka jana linaweza kuwa ndani leo. Usikisie. Omba kwa maandishi kutoka kwa kaunti ramani ya mpaka wa manispaa, kisha umwombe wakili akutafutie kama kuna tangazo lolote la Gazeti Rasmi linalogusa eneo lenu.

Mahali pa tatu ni katika mipango ya kaunti. Chini ya Sheria ya Mipango na Matumizi ya Ardhi ya mwaka 2019, kaunti hutayarisha mpango wa matumizi ya ardhi unaogawa maeneo kuwa ya makazi, biashara, viwanda, kilimo na hifadhi. Eneo lenu likiwa limewekwa katika kilimo, afisa wa mipango atalikataa ombi la ghorofa hata kama hatimiliki ni safi na bodi ya ardhi, ambayo huidhinisha uuzaji na ugawaji wa ardhi ya kilimo, ilishatoa idhini. Kinyume chake pia hutokea: mpango unaruhusu makazi, lakini ploti ilikatwa bila idhini ya bodi, na mauzo yenyewe ndiyo yenye kasoro.

Kwa hiyo, kabla ya kubishana na mtu yeyote, kusanya mambo matatu: matokeo ya upekuzi rasmi wa rejista, ambao wengi huuita sachi, nakala ya idhini ya bodi ya ardhi iliyotumika wakati wa kugawa na kuuza, na barua ya idara ya mipango ya kaunti inayoeleza eneo hilo limewekwa katika matumizi gani na kwa mpango upi. Ikiwa idara haitaki kutoa barua hiyo, andika ombi chini ya Sheria ya Upataji wa Habari ya mwaka 2016, ambayo inaitaka ofisi ya umma kujibu ndani ya siku 21. Mgogoro wako utahusu moja kati ya mambo hayo matatu, na jibu la swali la "niende wapi" linategemea ni lipi.

Hatua ya pili: Kagua idhini ya bodi ya ardhi

Kila uuzaji, ugawaji au ukodishaji wa ardhi ya kilimo unahitaji idhini ya bodi ya udhibiti wa ardhi, ambayo huketi katika ngazi ya kaunti ndogo. Ombi linapaswa kupelekwa ndani ya miezi 6 tangu makubaliano yalipofanywa, ingawa mahakama inaweza kuongeza muda huo ikiwa kuna sababu ya kutosha. Bila idhini, mauzo ni batili machoni pa sheria, na njia ambayo sheria yenyewe inamwachia mnunuzi ni kudai arudishiwe pesa zake kama deni. Mahakama zimewahi kuwalinda wanunuzi waliolipa, wakakabidhiwa ardhi na kukaa kwa miaka kwa makubaliano ya wazi na muuzaji, kwa kutumia misingi ya haki na uaminifu, lakini kesi za namna hiyo ni ndefu na ghali, na hakuna anayepaswa kununua ardhi huku akizitegemea.

Bodi inaweza kukataa ugawaji ikiona kwamba vipande vitakuwa vidogo kiasi cha kupunguza uzalishaji. Sheria ya kuweka kiwango cha chini cha ukubwa wa ardhi, ambayo Kifungu cha 68 cha Katiba kinaitaka Bunge litunge, bado haijawekwa katika hali ya kumaliza mabishano haya, kwa hiyo bodi hubaki na uamuzi wake. Katika Vihiga, ambako familia nyingi zimebaki na chini ya ekari moja, jambo hili si la nadharia: ndugu wanne wanapogawana urithi wa baba, kila kipande kinaweza kutazamwa na bodi kama kidogo mno. Ombi likikataliwa, una siku 30 kukata rufaa kwa bodi ya rufaa. Omba uamuzi kwa maandishi siku hiyo hiyo, kwa sababu siku huanza kuhesabiwa unapoarifiwa, na kumbukumbu za mkutano huwa ngumu kupatikana baadaye.

Hatua ya tatu: Omba mabadiliko ya matumizi, kisha kibali

Ardhi ikiwa katika eneo la kilimo na unataka kujenga nyumba za kupangisha, kituo cha mafuta au shule, ombi la kwanza ni la kubadilisha matumizi. Huandaliwa na mtaalamu wa mipango aliyesajiliwa, ambaye huandika maelezo ya kitaalamu kuhusu majirani, barabara, maji na maji taka, kisha tangazo huwekwa magazetini na kwenye ploti yenyewe ili umma utoe maoni au pingamizi. Tangazo la kwenye ploti lisimamishwe mahali linapoonekana na lipigwe picha yenye tarehe, kwa maana pingamizi la kawaida kabisa katika migogoro hii ni la jirani anayesema hakuarifiwa.

Baada ya hapo ndipo michoro ya msanifu majengo na ya mhandisi hupelekwa kaunti. Afisa anapoipokea, hakikisha nakala yako imepigwa mhuri wa kupokelewa wenye tarehe, au mfumo wa kielektroniki wa kaunti umekupa nambari ya ombi. Mhuri huo ni muhimu kuliko watu wanavyodhani. Sheria ya mwaka 2019 inasema kwamba mwombaji asipopata jibu la maandishi ndani ya siku 60, kibali huchukuliwa kuwa kimetolewa, na bila mhuri huna namna ya kuthibitisha siku ya kwanza ilikuwa ipi. Hata hivyo, namshauri msomaji asianze kumwaga zege siku ya 61 kwa kutegemea kifungu hicho peke yake. Andika kwanza barua kwa waziri wa kaunti anayehusika na ardhi, ukitaja kifungu hicho na tarehe ya mhuri, na uombe uthibitisho, kwa sababu kaunti ikidai baadaye kwamba ombi lilikuwa pungufu, barua hiyo ndiyo itakayoonyesha kwamba uliipa kaunti nafasi ya kukurekebisha na haikukurekebisha.

Kibali cha kaunti hakimalizi yote. Mradi husajiliwa na Mamlaka ya Kitaifa ya Ujenzi, na miradi inayoweza kuathiri mazingira huhitaji leseni ya NEMA, yaani Mamlaka ya Kitaifa ya Usimamizi wa Mazingira. Nakuru, ambayo iko ndani ya Bonde la Ufa na ina maeneo yenye nyufa za ardhi, afisa anaweza kudai ripoti ya udongo na miamba. Kisumu, hasa karibu na ziwa na katika nyanda za Kano ambako mto Nyando hufurika, swali litakuwa umbali kutoka kwenye maji: kanuni za ubora wa maji za mwaka 2006 zinalinda ukanda wa kati ya mita 6 na mita 30 kwenye kingo za mto, zikipimwa kwa kiwango cha juu cha mafuriko kilichowahi kurekodiwa. Madai ya namna hii ni ya haki na usiyachukulie kama usumbufu. Nyumba iliyojengwa juu ya ufa au ndani ya mkondo wa mafuriko haitaokolewa na hukumu ya mahakama.

Hatua ya nne: Ombi likikataliwa

Kaunti inapokataa, inapaswa kutoa sababu. Kifungu cha 47 cha Katiba na Sheria ya Hatua za Kiutawala za Haki ya mwaka 2015 vinampa kila mtu aliyeathiriwa na uamuzi wa ofisi ya umma haki ya kupewa sababu kwa maandishi. Neno "limekataliwa" lililoandikwa kwa kalamu pembezoni mwa mchoro halitoshi.

Rufaa ya kwanza haiendi mahakamani. Huenda kwa kamati ya kaunti ya mipango na matumizi ya ardhi inayosikiliza rufaa, ambayo imeundwa na sheria ile ile ya mwaka 2019, na muda wake ni siku 14 tangu uamuzi ulipotolewa. Siku hizo ni chache mno kwa mtu aliye Nairobi au ng'ambo ambaye barua imeletwa kwa shemeji yake kijijini, kwa hiyo aliyetuma ombi aache anwani na simu ambazo atapatikana. Rufaa iandikwe kwa lugha ya wazi: uamuzi unaopingwa na tarehe yake, sababu iliyotolewa, kwa nini sababu hiyo si sahihi kwa mujibu wa mpango wa kaunti au ukweli wa eneo, na nafuu inayoombwa. Ambatisha zile nyaraka tatu za hatua ya kwanza. Hoja yenye nguvu kuliko zote ni ile inayoonyesha kwamba kaunti imekiuka mpango wake yenyewe, au kwamba imewaruhusu majirani wa mtaa huo huo kwa mazingira yale yale. Hoja dhaifu kuliko zote, ingawa ndiyo inayosemwa kwa sauti kubwa zaidi, ni kwamba "ardhi ni yangu na nina hati".

Katika baadhi ya kaunti kamati hizi zimechelewa kuundwa au haziketi mara kwa mara. Hali hiyo haikupi ruhusa ya kuiruka. Peleka rufaa yako ndani ya siku 14 kwa ofisi ya mipango, ipigwe mhuri, na uulize kwa barua kama kamati ipo na itaketi lini. Jibu la kwamba haipo, au kutojibiwa kabisa, ndilo litakalokuwa ushahidi wako utakapoomba mahakama ikuruhusu kupita, kwani Sheria ya mwaka 2015 inairuhusu mahakama kumwondolea mtu sharti la kumaliza njia za awali ikiwa kuna hali ya kipekee na mwenyewe ameomba hivyo.

Hatua ya tano: Ilani ya utekelezaji ikifika

Ilani ya utekelezaji ni amri ya maandishi ya kaunti dhidi ya ujenzi usio na kibali, na hii ndiyo hali ya dharura. Kujenga bila kibali ni kosa la jinai ambalo adhabu yake inaweza kufika faini ya shilingi 500,000 au kifungo cha miezi 2, au yote mawili, na kaunti inaweza kukuamuru urudishe ardhi ilivyokuwa. Mara ilani inapokabidhiwa, andika juu yake tarehe, saa na jina la aliyeileta, kisha simamisha kazi. Wapo mafundi watakaokushauri uendelee usiku ili ukifika kwenye lenta kaunti iogope kubomoa. Ushauri huo umewagharimu watu akiba ya maisha yao yote, na pia humfanya hakimu akuone mtu asiyeheshimu amri.

Soma ilani yenyewe kwa makini. Inapaswa kueleza ni ujenzi gani unaolalamikiwa, hatua unazotakiwa kuchukua, lini inaanza kutumika, na muda uliopewa. Alama ya X ya rangi nyekundu ukutani, bila karatasi, haitimizi matakwa hayo, lakini usiipuuze: piga picha na uandikie kaunti siku hiyo hiyo ukidai ilani ya maandishi. Rufaa dhidi ya ilani huenda kwa kamati ile ile, ndani ya siku 14 tangu ukabidhiwe, na kamati inatakiwa kuiamua ndani ya siku 30. Ikiwa kuna hatari ya kweli ya matingatinga kufika kabla ya kamati kuketi, hapo ndipo wakili huenda Mahakama ya Mazingira na Ardhi kuomba amri ya zuio ya muda, akionyesha kwamba rufaa tayari imewasilishwa na haombi mahakama iamue jambo lililo mbele ya kamati.

Ikiwa wewe ndiye jirani

Sheria haimlindi mjenzi pekee. Mtu mwenye maslahi anaweza pia kukata rufaa kwa kamati dhidi ya kibali alichopewa mwingine, kwa siku zile zile 14. Kwa mkulima wa Ahero ambaye mtaro wake wa maji umezibwa na ukuta wa jirani, au familia ya Rongai ambayo kisima chake kiko chini ya choo cha nyumba za kupangisha zinazojengwa, hii ndiyo njia. Tahadhari ni moja: tenganisha malalamiko ya mipango na malalamiko ya mazingira. Kinachopingwa kikiwa leseni iliyotolewa na NEMA, rufaa huenda kwa Jopo la Kitaifa la Mazingira, ndani ya siku 60.

Kesi ya viwanda vya Kibos, Kisumu, inaonyesha uzito wa jambo hili. Wakazi walilalamikia uchafuzi na leseni za mazingira, na mwaka 2019 Mahakama ya Mazingira na Ardhi ya Kisumu iliwapa ushindi. Mahakama ya Rufaa ikatengua uamuzi huo kwa sababu malalamiko kuhusu leseni yalipaswa kupitia kwanza vyombo vilivyowekwa na sheria ya mazingira. Mwaka 2020 Mahakama ya Juu ilieleza kwamba mahakama ya Kisumu ilipaswa kuyasubirisha masuala ya Katiba hadi Jopo litakapoamua yale yaliyo chini yake. Wakazi walikuwa na jambo zito la kulalamikia, lakini mabishano yalihamia kwenye swali la ni chombo gani kilipaswa kusikiliza kwanza. Anayepanga kesi leo Nakuru au Kakamega aisome hukumu hiyo pamoja na wakili wake kabla ya kulipa ada ya kufungua faili.

Kwenda mahakamani

Mahakama ya Mazingira na Ardhi, iliyoundwa chini ya Kifungu cha 162 cha Katiba, ina vituo Nakuru, Kisumu, Kakamega, Bungoma, Busia na miji mingine ya eneo hili. Huko hufika rufaa kutoka kwa kamati, na pia maombi ya kutengua uamuzi wa ofisi ya umma uliotolewa bila kumsikiliza mhusika. Mahakama katika maombi ya aina hii ya pili huangalia namna uamuzi ulivyofikiwa, na mara nyingi nafuu yake ni kurudisha ombi kwa kaunti likasikilizwe upya. Asiye na uwezo wa kumlipa wakili anaweza kuomba msaada chini ya Sheria ya Usaidizi wa Kisheria ya mwaka 2016.

Baada ya uamuzi

Ukishinda, usitoke na hukumu peke yake. Peleka nakala iliyothibitishwa kwa idara ya mipango na udai kibali chenyewe, kwa sababu benki na Mamlaka ya Kitaifa ya Ujenzi zitauliza kibali. Ikiwa matumizi yamebadilishwa, hakikisha rejista ya ardhi imesahihishwa pale ambapo hati ilikuwa na masharti, na uulize idara ya mapato ya kaunti kuhusu kodi ya ardhi, ambayo inaweza kupanda shamba linapohesabiwa kuwa ploti ya biashara. Ukishindwa, zungumza na mtaalamu wa mipango kuhusu kile ambacho mpango wa eneo unaruhusu: mara nyingi nyumba ya familia na ghala la mazao hukubaliwa mahali ambapo ghorofa ya kupangisha imekataliwa. Kaunti inapotangaza mpango mpya wa matumizi ya ardhi, hutoa muda wa umma kuukagua na kuwasilisha maoni kwa maandishi. Peleka maoni yako ndani ya muda huo, ukitaja nambari ya ardhi yako, na ubaki na nakala yenye mhuri.